Eldon Rathburn, Mtunzi wa Picha Bubu

Filamu fupi ya Corral, iliyotoka Kanada mwaka 1954, ina mambo machache sana ndani yake: farasi, vumbi, uwanda wa Alberta, wachunga ng'ombe na kamba zao. Farasi wanaswagwa hadi zizini. Kijana mmoja anamteua mmoja kati yao, anamtupia kitanzi, anambembeleza, anamtandika, anampanda, kisha mtu na mnyama wanatoka mbio uwandani. Dakika kumi na moja na ushei, imekwisha. Hakuna msimulizi wa kumweleza mtazamaji kinachotendeka. Kinachozungumza ni magitaa. Mwaka huohuo filamu ilishinda tuzo katika tamasha la Venice, na watu wa sinema wakaanza kuulizana habari za mwongozaji wake, Colin Low, na mpigapicha wake, Wolf Koenig. Habari za Eldon Rathburn, aliyetunga muziki ule, wachache waliziulizia.

Rathburn alikuwa mtumishi wa umma. Kuanzia mwaka 1947 hadi 1976 alilipwa mshahara na taasisi ya serikali ya Kanada ili atunge muziki wa filamu, nyingi zikiwa za hali halisi. Alipostaafu hakuacha, na hadi mwisho wa maisha yake alikuwa amezitungia muziki filamu zaidi ya mia mbili. Watunzi wengi wa Hollywood ambao majina yao yanatutoka mdomoni kwa wepesi hawakufikia nusu ya hesabu hiyo. Kwa nini basi hajulikani? Wapo wanaosema ni kwa sababu filamu zake zilikuwa fupi, na wengine ni kwa sababu alikuwa Mkanada aliyebaki Kanada. Hayo yote ni kweli. Lakini ukizipanga kazi zake bora mstari mmoja, utaona jambo jingine: karibu zote ni za picha ambazo kwa asili yake zilikuwa bubu. Vibonzo, picha mnato za karne ya kumi na tisa, nyota za angani, mchekeshaji asiyefungua kinywa. Hapo muziki unaingia ndani ya picha kiasi kwamba mtazamaji anatoka akiamini ameiona tu, kumbe nusu ya alichokiona alikisikia.

Alizaliwa Aprili 1916 huko Queenstown, kijiji kilicho kando ya mto Saint John katika jimbo la New Brunswick, mashariki ya Kanada. Ujana wake ulipita katika mji wa Saint John, mji wa bandari. Mwanamuziki wa mji wa aina hiyo hakuweza kuchagua aina moja ya muziki akaishi kwayo, na Rathburn alikula kila sahani: alipiga kinanda kanisani, akapiga piano katika bendi za dansi, akafanya kazi redioni. Kwa muda alikuwa mpiga piano wa Don Messer, mpiga fidla ambaye baadaye, enzi za televisheni, alipendwa nchi nzima kwa muziki wa kienyeji wa mashambani. Mwaka 1938 Rathburn alishinda ufadhili wa masomo uliompeleka Toronto, akasoma utunzi kwa Healey Willan, bingwa wa muziki wa kanisa. Kwa hiyo kijana mmoja alibeba kichwani zaburi, jazi na ngoma za harusi za wakulima, na hakuna hata kimoja kilichopotea njiani.

Nafasi ya kwenda mbali zaidi ilimjia. Katikati ya miaka ya 1940 kazi yake moja ya okestra ilishinda shindano la wasanii vijana huko Los Angeles, ambalo Arnold Schoenberg alikuwa miongoni mwa waamuzi wake, na okestra ya mji huo ikaipiga mwaka 1945 chini ya Alfred Wallenstein. Kijana wa miaka ishirini na tisa, aliyekubaliwa na Schoenberg, katika mji wenye studio kubwa za filamu kuliko zote duniani! Wengi wangetafuta chumba cha kupanga hapohapo. Yeye alirudi kwao, na miaka miwili baadaye akaajiriwa Ottawa.

Mwajiri wake alikuwa Bodi ya Taifa ya Filamu ya Kanada, iliyoanzishwa mwaka 1939 chini ya John Grierson, Mskoti ambaye ndiye aliyeipa filamu ya hali halisi falsafa yake nchini Uingereza. Vita vilipoanza mwaka huohuo, Bodi ilikua ghafla: filamu za kuhamasisha jeshi, za kuwaelekeza wakulima, za kuwaonyesha watu wa pwani moja jinsi wenzao wa pwani nyingine wanavyoishi. Kwa kuwa vijiji vingi havikuwa na majumba ya sinema, wapo waliotumwa na projekta kuzunguka shuleni na kwenye kumbi za vijiji. Msomaji aliyekulia Tanzania au Kenya enzi za gari la sinema hahitaji kuchorewa picha hiyo. Tofauti ni kwamba Bodi ya Kanada iliamua mapema kwamba filamu hizo za serikali hazitabandikwa muziki wa santuri zilizokwishatengenezwa. Zitatungiwa muziki wake zenyewe. Louis Applebaum aliajiriwa kwa kazi hiyo akiwa kijana mdogo. Maurice Blackburn na Robert Fleming nao wakaingia. Rathburn aliwakuta ndani ya jengo la Ottawa lililokuwa zamani kiwanda cha kupasua mbao.

Uamuzi huo unastahili kutazamwa kwa makini, kwa sababu ndio uliomfanya Rathburn awe alivyokuwa. Mtunzi wa studio za Hollywood aliongozwa na soko: filamu ya mapenzi ina vinanda vyake, filamu ya vita ina matarumbeta yake, na anayetoka nje ya mazoea hayo anatafutiwa mbadala. Mtunzi wa mshahara wa Ottawa hakuwa na tajiri wa aina hiyo mlangoni. Alikuwa na bajeti ndogo. Wiki moja alitunga kwa ajili ya filamu ya kilimo, wiki nyingine ya historia, na ala alizopata zilikuwa zile ambazo fedha iliruhusu. Unyonge huo wa fedha ulizaa ubunifu. Ukiwa na wapigaji watano tu, huwezi kuficha upungufu wa wazo nyuma ya okestra.

Kazi yenyewe ilikuwa ya mahesabu. Mtunzi huitwa mwishoni, filamu ikiwa imekwishahaririwa. Anaitazama kwenye mashine ya mhariri mara nyingi, akiandika ni sekunde ipi mlango unafunguliwa, ni sekunde ipi treni inatoka handakini. Mkanda wa milimita 35 hupita fremu 24 kila sekunde, yaani futi 90 kila dakika, na muziki lazima ulingane na hesabu hiyo. Kisha mhariri anaweza kuja na habari kwamba kipande fulani kimekatwa, na ubeti mzima wa muziki unavurugika. Wapigaji wanakodiwa kwa saa chache. Wanausoma muziki palepale, unarekodiwa, wanaondoka. Anayependa kusifiwa hawezi kudumu katika kazi hiyo kwa karibu miaka thelathini.

Filamu ya kwanza iliyoonyesha wazi alichoweza kufanya ni The Romance of Transportation in Canada ya mwaka 1952. Ni vibonzo vya dakika kumi na moja, vikiongozwa na Colin Low, kuhusu namna Wakanada walivyosafiri tangu mtumbwi hadi ndege. Kwa mada kama hiyo, ofisi nyingi za serikali zingetaka maandamano ya tarumbeta na ngoma za kizalendo. Rathburn aliandika jazi. Msimulizi anasoma historia kwa sauti kavu ya mwalimu wa sekondari, huku nyuma yake bendi inacheka chinichini. Utani wa filamu unatokana na pengo hilo kati ya maneno na muziki. Ondoa jazi ile, unabaki na somo la darasani. Filamu ilitunzwa Cannes mwaka 1953 na ikateuliwa kuwania tuzo ya Oscar.

Low, Koenig, Roman Kroitor na mtayarishaji Tom Daly walikuwa kiini cha kikundi ndani ya Bodi kilichoitwa Unit B, na Rathburn ndiye mtunzi aliyeambatana nao zaidi. Walikuwa watu wa kukaa na filamu moja miaka, jambo lililowaudhi wahasibu. Baada ya Corral walitengeneza City of Gold, iliyotoka mwaka 1957, na hii kwangu ndiyo kazi ya Rathburn inayostahili darasa zima.

Filamu inahusu Dawson City, mji wa kaskazini ya mbali uliofurika watu mwaka 1898 wakati wa mbio za dhahabu za Klondike. Inaanza Dawson ya miaka ya 1950: mji umenyamaza, wazee wamekaa barazani, watoto wanacheza. Picha hizo zinatembea, ni za sinema ya kawaida. Kisha, bila mtazamaji kuambiwa, filamu inahamia kwenye picha mnato zilizopigwa juu ya vioo na A. E. Hegg na wapigapicha wengine wa wakati ule, na inakaa humo. Msimulizi ni Pierre Berton, mwandishi aliyekulia Dawson, ambaye baba yake alifika huko na wimbi la wachimbaji. Kroitor alibuni chombo cha kupangia mwendo wa kamera juu ya picha, ili kamera itambae kama jicho la mtu aliyesimama palepale.

Lakini kamera inayotambaa juu ya karatasi ina hatari yake. Ikitambaa bila sababu, mtazamaji anakumbuka kwamba anatazama karatasi. Sababu ya kutambaa lazima itoke mahali fulani, na katika City of Gold mara nyingi inatoka kwenye sauti. Ipo picha mashuhuri ya njia ya Chilkoot: mlima mweupe wa theluji, na juu yake mstari mweusi wa watu, mamia kwa mamia, kila mmoja na mzigo mgongoni, wakipanda mmoja nyuma ya mwenzake. Hakuna hata mmoja anayesogea. Ni picha mnato. Anayewasogeza ni mtunzi, kwa mwendo wa muziki na mapumziko yake. Mbinu ya kuzipa uhai picha za kale kwa kamera na sauti imetumiwa mno tangu hapo, hasa na Ken Burns, Mmarekani aliyetengeneza mfululizo mrefu wa televisheni kuhusu vita vya wenyewe kwa wenyewe vya nchi yake, na ambaye mwenyewe ameitaja City of Gold kuwa ndiyo iliyomfundisha. Leo programu za kompyuta zinaifanya kazi hiyo kwa kubonyeza tu. Matokeo yake, mara nyingi, ni kamera inayotambaa bila mtu wa kuiambia kwa nini.

Mwaka 1956 Bodi ilihamia Montreal, na Rathburn akahama nayo. Huko ndiko Universe ilikokamilika, mwaka 1960, baada ya miaka kadhaa ya Low na Kroitor kuunda sayari za bandia na kuzipiga picha. Filamu inaanza na mwanafalaki katika kituo cha David Dunlap, karibu na Toronto, akijiandaa kwa kazi ya usiku, kisha inaondoka duniani na kwenda mbali hadi kwenye makundi ya nyota. Ni picha za rangi nyeusi na nyeupe, chini ya nusu saa.

Angani hakuna hewa, na pasipo hewa hakuna sauti. Mtunzi wa filamu ya anga hana mlio wowote wa kuegemea: hana upepo, hana kwato, hana wayo. Njia rahisi ilikuwa kuandika muziki wa utukufu, kwaya ikipaa. Rathburn aliandika muziki wa mtu asiye na uhakika kama anakaribishwa. Okestra inakwaruzana na kusita; hakuna wimbo wa kushika ukaondoka nao. Hapo ndipo yale ya Los Angeles yalipomfaa, maana bila sikio lililozoea muziki wa akina Schoenberg asingethubutu kuweka sauti hizo katika filamu ya serikali ya kufundishia watoto falaki.

Universe ilienda mbali. NASA ilinunua nakala zisizopungua 300. Stanley Kubrick, alipokuwa akijiandaa kwa filamu yake 2001: A Space Odyssey ya mwaka 1968, aliitazama tena na tena. Alimchukua Wally Gentleman, fundi wa picha za ujanja wa Universe, na alimchukua Douglas Rain, msimulizi wake, akampa sauti ya kompyuta HAL. Mtunzi hakuchukuliwa. Kubrick alimwajiri Alex North, kisha akautupa muziki wa North na kutumia santuri zilizokuwapo, zikiwamo kazi za György Ligeti. Ukiisikiliza Universe baada ya 2001, unaona kwamba wazo la kuiacha anga isikike ngeni na yenye kutisha kidogo lilikuwa limekwishafanyiwa kazi Montreal miaka minane kabla.

Wakati huohuo mambo yalianza kubadilika chini ya miguu yake, na waliobadilisha ni wenzake wa chumba kimoja. Mwisho wa miaka ya 1950 vinasa sauti vilipungua uzito hadi mtu mmoja akaweza kuvibeba begani, na kamera nazo zikawa nyepesi. Unit B ilitengeneza mfululizo wa Candid Eye, filamu za kufuata watu katika maisha yao bila kuwapanga. Sasa picha ilikuja na sauti yake: kikohozi, kiti kinachoburutwa, maneno yasiyokamilika. Kwa waongozaji wa mkondo huo, muziki wa kutungwa ulianza kuonekana kama udanganyifu, mkono wa mtu unaomsukuma mtazamaji kulia au kushoto. Mwaka 1962 Koenig na Kroitor, haohao wa City of Gold na Universe, walitoa Lonely Boy, kuhusu mwimbaji kijana Paul Anka. Muziki unaotawala humo ni wa Anka mwenyewe, pamoja na mayowe ya wasichana.

Sidhani walikosea. Lonely Boy ingeharibika kwa okestra. Ila mabadiliko hayo yalimwondolea mtunzi wa hali halisi uwanja wake mkubwa, na Rathburn ilibidi atafute pa kusimama. Alitunga kwa ajili ya filamu ndefu za hadithi, ambazo Bodi ilikuwa ndiyo kwanza inazijaribu: Drylanders ya mwaka 1963, kuhusu wakulima wa nyika wakati wa ukame, na Nobody Waved Good-bye ya Don Owen mwaka uliofuata. Alifanya kazi pia na Norman McLaren, bingwa wa vibonzo wa Bodi, katika Short and Suite na Canon.

Zaidi ya yote, mwaka 1965 alipata The Railrodder. Buster Keaton, nyota wa filamu za kimya wa miaka ya 1920, alikuja Kanada akiwa mzee anayekaribia miaka 70 na kuigiza chini ya mwongozaji Gerald Potterton. Anasoma gazeti London, anaona tangazo la kuitembelea Kanada, anajitupa mtoni, anaibukia pwani ya Atlantiki. Anakuta kiberenge relini, anakikalia, nacho kinaondoka naye hadi Bahari ya Pasifiki. Ndani ya kiberenge anapika chai, anafua, anawinda mabata, anasinzia, huku milima na majimbo yakipita. Hasemi neno. Hakuna aliyefaa kuitungia muziki filamu hiyo kuliko Rathburn, aliyekuwa na mapenzi ya ajabu kwa reli tangu utoto. Muziki wake unatembea na magurudumu, unachungulia kila kichekesho, na unajua kukaa kando Keaton anapofanya jambo ambalo uso wake mkavu unatosha kulieleza. Keaton alifariki mwanzoni mwa mwaka uliofuata.

Katika maonyesho ya dunia ya Montreal ya mwaka 1967, kikundi kilekile kilijenga banda la Labyrinth, ambamo watazamaji walipita chumba hadi chumba, wakitazama filamu chini ya miguu yao na mbele yao, kisha kwenye skrini tano zilizopangwa kwa umbo la msalaba. Zaidi ya watu milioni moja walipita humo, na waliyemsikia ni Rathburn. Jaribio hilo lilimsukuma Kroitor, pamoja na Graeme Ferguson, Robert Kerr na William Shaw, kubuni mfumo wa skrini kubwa wa IMAX.

Na hapa uwanja ulimrudia. Kamera za IMAX zilikuwa na kelele nyingi mno kiasi kwamba kurekodi sauti safi karibu nazo ilikuwa shida. Picha kubwa kuliko zote zilizowahi kutengenezwa zilitoka kamerani zikiwa bubu kama farasi wa Corral, na zilihitaji mtu anayejua la kufanya na ububu huo. Rathburn alikuwa amestaafu mwaka 1976 na kuhamia Ottawa, akiwa pia amefundisha utunzi wa muziki wa filamu katika chuo kikuu cha mji huo. Mwaka 1985 alitunga muziki wa Skyward, filamu ya mabata bukini warukao, iliyoongozwa na Stephen Low, mwana wa Colin. Mwaka 1986 ikawa Transitions, iliyoonyeshwa Vancouver kwa miwani ya picha zenye kina, na mwaka 1992 Momentum, kwa ajili ya maonyesho ya Seville, zote mbili za Colin Low na Tony Ianzelo. Alikuwa na miaka 76.

Kwa upande wa jukwaa aliandika vipande vingi vidogo, na utani haukumwacha: katika kimoja, kodiani, mandolini na banjo zinakaa kundi moja, na vingine kadhaa ni vya treni kwa ala za shaba. Wapo wakosoaji waliovichukulia kama michezo ya pembeni. Ni kweli pia kwamba kati ya filamu zile mia mbili na zaidi, nyingi ni za matumizi ya siku moja, na muziki wake humo unatimiza wajibu na kupita. Mtunzi wa mshahara hachagui. Bodi yenyewe ilitoa filamu kuhusu maisha yake mwaka 1995, akatunukiwa nishani ya taifa ya Order of Canada, na akafariki Ottawa Agosti 2008, akiwa na miaka 92. Mwaka 2019 mwanazuoni James K. Wright alichapisha kitabu kizima juu ya kazi yake katika Bodi.

Filamu nyingi nilizozitaja zimewekwa na Bodi kwenye tovuti yake, bure. Anayeanza aanze na Corral, halafu The Railrodder, na City of Gold aiweke mwisho; na katika hiyo ya mwisho, afikapo kwenye mlima wa Chilkoot, aizime sauti, aitazame picha ile, kisha arudi nyuma kidogo na kuiwasha.